Zaburi Kwenye Duka la Vitabu

Muuza vitabu wetu hapa Stornoway, mji wa kisiwani Uskoti, hanunui kitabu kabla ya kukinusa. Hukipigapiga mgongoni kama mtoto aliyetoka kunyonya, kisha huanza kugombana nacho. Kitabu cha historia ya koo za Uskoti hukiuliza, "Koo zote hizi zilishinda vita? Sasa nani alishindwa, kondoo?" Kanisani hakanyagi, na hilo hujisifia. Leo asubuhi, nikiwa dukani, Bi Murdina alimletea kitabu cha zaburi cha marehemu mumewe, aliyekuwa akitutangulizia kuimba kanisani, mstari kwa mstari, nasi tukimfuata. "Sina wa kumwachia," alisema. Jamaa akakinusa, akakifungua, na badala ya kugombana akaimba mstari mmoja wa zaburi kwa Kigaeli, lugha yetu ya kisiwani, peke yake, kwa sauti nzito ambayo sikujua anayo. Bi Murdina akaudaka, akauvuta taratibu kama tunavyofanya ibadani. Mteja aliyekuwa kwenye rafu za historia naye akaingia kwa mwendo wake. Muuza vitabu akatoa mstari wa pili, na mimi nikajikuta nimesimama, mwili umenisisimka, naimba mpaka kioo cha dirisha kinatetemeka. Kisha muuza vitabu akakifunga na kumrudishia Bi Murdina. "Hiki sikichukui, mama. Mimi nauza vilivyostaafu, na hiki bado kiko kazini."