Masouda na Timu ya Kisiwani

"Wewe Masouda, kila nikikuuliza Thani yuko wapi waniambia yuko kisiwani. Kisiwani wapi, Wete au Chake Chake?"

Aliyeuliza ni Kheiria, jirani wa mlango wa pili pale Hamriya, Maskati. Wote wawili asili yao Unguja, na kwa mtu wa Unguja ukisema kisiwani, basi umesema Pemba. Masouda alicheka mpaka akashika ukuta.

"Si Pemba, shoga yangu. Kisiwa cha Yunani, kwa Wagiriki. Jina lake lanikwama ulimini."

"Na huko kwa Wagiriki afanya nini?"

"Achua miguu ya wacheza mpira."

"Toba! Mtoto kamaliza sanawiya, sekondari nzima, akachue miguu?"

Huo ulikuwa mwaka tisini na saba. Thani alikuwa mwana wa pekee wa Masouda. Baba yake alifariki mapema, Mungu amrehemu, na nyumba ikaendeshwa na mikono ya mama. Masouda alijua kuchua. Mwenye kuteguka, mwenye mgongo, mzazi aliyejifungua juzi, wote walipita mkekani kwake, na Thani akaujua ufundi ule kwa kutazama tu.

Mwaka tisini na tatu Thani alipata kazi ya jikoni katika meli ya mizigo, akapandia pale bandarini Matrah. Mwaka wa pili akashikwa na tumbo baharini. Wakamteremsha kisiwani kule akapasuliwa, meli ikaenda zake. Mwenye meli alikuwa mtu wa hapo hapo. Mzee yule alizichukua timu mbili za mitaa ambazo watu wake walikuwa hata hawasalimiani, akazifanya timu moja ya mpira wa kikapu, wachezaji wa kulipwa, akaiita Pomboo. Thani, na kidonda chake kibichi, alikwenda kutazama mazoezi. Mchezaji mmoja akaanguka, kifundo kikateguka. Thani hakuweza kukaa kitako. Alipiga goti akaushika ule mguu, na tangu siku hiyo hawakumwachia.

Kila Ijumaa alipiga simu.

"Mama, mguu umevimba kama boga, na kesho tunacheza."

"Usiuvamie uvimbe. Anza juu yake, kwenye kigimbi, mpaka mguu ulegee. Na Bismillahi umeitia?"

"Nimeitia. Lakini mafuta yako ya karafuu yamekwisha."

"Huko mna zeituni, mti uliotajwa kwenye Qur'ani, nawe walilia karafuu!"

"Basi, Mama, basi. Wachezaji wakusalimu. Wakuita Mama Maskati."

Hivyo ndivyo Masouda alivyoijua Pomboo kuliko watu wengi wa kule kule. Alijua walianza daraja la chini wakicheza chini ya paa la mabati, na mvua ikinyesha hata filimbi haisikiki. Alijua siku ya mchezo kinyozi alifunga duka, na padri alikuwa wa kwanza kukaa. Mwaka tisini na nane walipanda daraja la kwanza. Timu kubwa za mjini zikawa zinakuja kwa boti, wachezaji wanateremka wamelegea kwa kutapika, na Pomboo wanawangoja wazima wazima. Walipoifunga timu ya mji mkuu, Masouda alisujudu sijda ya shukrani, kisha akaona haya peke yake. Sijda kwa ajili ya mpira!

"Msimu ukisha ntakuja, Mama," Thani alikuwa akisema.

"Haraka ya nini, mwanangu? Kazi kwanza."

Alisema hivyo kwa mdomo. Aliisikia furaha katika sauti ya mwanawe na hakutaka kuikata. Lakini msimu ulikwisha, ukaja mwingine, na mwingine. Rawya, binti wa dada yake, aliyekuwa akimngojea Thani, akaposwa na mtu mwengine akaolewa. Kitanda cha Thani kilitandikwa kila wiki, hakuna mtu wa kukilalia.

Ijumaa moja ya mwaka tisini na tisa, baada ya Alasiri, saa ile ambayo dua hairudi, Masouda alinyanyua mikono. "Ya Rabbi, kinachomzuia mwanangu, kiondoe." Hakukitaja jina. Lakini alikijua.

Kiangazi kilichofuata yule mwenye meli alianguka sebuleni kwake, akafa. Watoto wake walikuwa wakikaa mjini na mpira hawakuutaka. Nafasi ya Pomboo kwenye ligi ikapewa timu ya huko mjini, ukumbi ukatiwa kufuli. Timu ilikuwa imeishi miaka mitano tu.

"Mama," Thani alisema kwenye simu, "timu imekufa."

"Inna lillahi," Masouda alijibu.

Thani alirudi. Alipata kazi mtaa wa Ghala, kwenye bohari ya mipira ya magari. Alikuwa akirudi, anakula, anasema alhamdulillahi, kisha anautazama ukuta. Akija mtu ameteguka humwambia, "Mikono yangu imechoka," akaingia chumbani.

Miezi minane Masouda alivumilia. Halafu siku moja, wanakula chakula cha mchana, akaweka tonge chini.

"Mwanangu, mimi ndiye niliyeiua timu yako." Akamweleza ile dua, neno kwa neno.

Thani alicheka, mara ya kwanza tangu arudi. "Mama, mzee yule akivuta pakiti tatu kwa siku. Usimsingizie Mungu." Kisha kicheko kikamkauka. "Lakini mbona hukuniambia mimi? Ungesema 'njoo' ningekuja."

Neno lenyewe lilikuwa dogo, na kwa miaka yote ile ya simu hakuwahi kulitamka. Thani alimshika mkono, akamwambia amemsamehe, wakamaliza kula. Lakini Masouda hakupata raha. Aliwafikiria wale watu wa kule, kinyozi, padri, na watoto waliozowea kujaa ukumbini, ambao yeye hawakumkosea kitu.

Miaka mitatu baadaye Kheiria alijaaliwa kwenda Hija. Alipita mlango kwa mlango kuagana, akiuliza kila mtu amwombee nini huko. Huyu alitaka afya, yule mume mwema kwa binti yake. Alipofika kwa Masouda, akamkuta kalala, maradhi ya miguu yamemwandama.

"Na wewe, shoga yangu, nikuombee miguu ipone?"

"La. Waombee watu wa kisiwa kile Mungu awape timu nyengine. Mimi naona haya kumwomba."