Kitabu Nilichokisifia Mnadani Kasoli

Acheni niseme mwenyewe kabla majirani hawajanisemea. Wanunuzi binafsi wa pamba walipoanza kuja, mwalimu mstaafu aliniazima kitabu cha zamani cha falsafa ya uchumi. Mimi, niliyeishia darasa la tatu, nilikisoma kwa kidole nikakipenda kama ng'ombe wangu.

Mnadani nikapaza sauti: "Msiuze! Kitabu kinasema wanunuzi wakishindana, bei inapanda." Watu wakanisikiliza. Wanunuzi wakakaa pamoja, wakapatana bei ya chini.

Mama Kabula, jirani aliyenisikiliza, akanijia na mwalimu. "Baba, kitabu chako ni cha uongo!"

"Usikitukane! Nimekimaliza chote!"

Mwalimu akakifungua. "Kupatana kwa wanunuzi kumeelezwa vizuri sana, sura ya pili. Ila Mzee Masanja, mbona unyoya wako wa kuonyesha ulipoishia uko sura ya kwanza?"