Mkoba wa marehemu baba: nimeulainisha vizuri, mama hataki kuugusa

Wakuu, heshima kwenu. Leo ni siku ya tisa mama yangu hajaugusa mkoba wa marehemu baba. Zamani aliufungua kila Jumapili. Nasimulia yote, na sijitetei.

Ni mkoba wa ngozi ya ng'ombe. Baba aliutumia kubebea tangawizi za kuonyesha wanunuzi, akishuka kutoka kijijini kwetu Mamba, milimani, kuja mjini Same. Alipofariki, mama aliutundika msumarini chumbani kwake.

Huko milimani ukaota ukungu, mkanda ukaanza kupasuka. Nikaomba nije nao Same ninakoishi, niutengeneze. Mama alisita.

"Usiucheleweshe," akasema.

Nilianza na mafuta ya alizeti ya jikoni. Nikapaka mengi, nikauanika juani. Jua la Same mnalijua. Ukanata, ukabeba vumbi lote la mtaa.

Nikaupeleka kwa fundi viatu sokoni. Akaunusa, akacheka.

"Kaka, ulikuwa unapaka au unakaanga?"

Akaufuta nje na ndani kwa sabuni kidogo, akaukausha kivulini siku mbili. Kisha akanielekeza kwa mama mmoja wa Kimaasai anayeuza mafuta ya kondoo mnadani.

Unayayeyusha kiganjani, unapaka kidogo sana kwa kitambaa, unaacha siku nzima, unafuta yaliyobaki. Nilirudia mara tatu, nje na ndani. Mkanda ukakunjika kama kitambaa.

Nikapanda nao Mamba, nimechoka ila najisifu.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Umeuleta?"

Mkanda hata hakuutazama. Alifungua mfuniko, akaingiza uso ndani, akanusa. Alipoinua kichwa akasema, "Baba yako alinukia tangawizi na tumbaku. Huyu ni kondoo."

Akaufunga, akaurudisha msumarini.

Nilichojifunza: alizeti ibaki jikoni, ngozi ikae kivulini, mafuta yawe kidogo. Na kabla hujagusa kitu cha mtu, muulize anakipendea nini. Mimi niliona ukungu na nyufa tu.

Wenye uzoefu wa ngozi, hii harufu inatoka? Mnisaidie, sina nguvu ya kubahatisha tena.

Kabla sijaondoka nilitia humo vipande vya tangawizi kavu. Jana nimempigia dada anayeishi na mama. Anasema mkoba uko palepale msumarini, umefungwa.