Jina Nililoliokota Biro

Nimekosa, na sitaki mtu anitafutie sababu. Nilikuwa mjinga mwenye diploma, na ujinga wa aina hiyo unanuka zaidi.

Enzi zile za Zaire nilirudi Kalemie kutoka universite ya Lubumbashi nikijiona mtu. Elimu yangu? Kubloke tu! Kulala mwaka mzima, kumeza makaratasi mtihani ukikaribia, kuyatapika, kusahau. Nikadhani hata baba ni somo la namna hiyo.

Papa alitaka binti yangu wa kwanza apewe jina la mama yake yeye Papa, bibi yangu aliyefia Kirungu. Mara ngapi aliniita nije nikae, anisimulie habari za bibi huyo! "Kuya, ikala, nikuambie mambo ya nkambo yako."

Mimi na gazeti mkononi: "Papa, siku ikifika nitauliza."

Siku ilifika na kiharusi. Papa akalala kitandani, ulimi umefungwa. Mke wangu alikuwa na mimba. Miezi yote hiyo ningeweza kupanda Kirungu, kule milimani, kumwuliza shangazi, dada yake Papa. Nikangoja! Nilingoja mpaka mtoto akazaliwa, nikasimama kwenye dirisha la biro ya serikali ya kuandikisha majina, karani akiniita raia kwa Kifaransa cha enzi zile.

"Sitwayen, jina la mutoto? La wankambo, si la wazungu, eh!"

Nikapekua kichwa changu cha msomi. Lilikuwemo jina moja la mwanamke wa Kirungu, Papa alizoea kulitaja. Nikalitoa, kifua mbele. Silitaji hapa, binti yangu bado analibeba.

Nikampelekea Papa mtoto, nikalitamka sikioni mwake. Akageukia ukuta, akilia. Furaha, nikasema! Mpumbavu mimi!

Miezi mingi jina hilo likaitwa karibu na kitanda chake. Kisha shangazi akashuka kumwona mgonjwa, akamsikia mke wangu akimwita mtoto, akamwuliza.

"Mama, unaita nani vile?"

"Mutoto, Shangazi. Njo jina la nkambo."

"Nkambo gani? Ule ni mukemwenza aliyemufukuza mama yetu na watoto mugongoni!" Akanigeukia. "We musomi, masikio yako ni ya kutundikia miwani tu?"

Nikabwabwaja kwamba biro watabadilisha.

"Badilisha kule. Na ile kaka yangu amekwisha kusikia, utabadilisha na nini?"

Papa hakumaliza mwezi. Mtoto alikuwa ameshalizoea jina, akiitwa kwa jingine hageuki. Lile la kweli shangazi alimpa mjukuu wake.

Ninyi mnaosema "siku ikifika nitauliza", endeleeni kusoma magazeti, mabwege wenzangu! Au nendeni mkakae na wazee wenu leo, wakati hamna haja nao.

Mimi, binti yangu akiwa mbali, simwiti. Namfuata alipo, namgusa bega.