Binti wa Hamsini na Moja

Mtendaji wa kijiji aliisoma barua asubuhi, watu wakiwa wamesimama mbele ya zahanati wakingoja kufunguliwa. Alisoma taratibu, kama anayeona aibu. Wote ambao majina yao yamo kwenye orodha ya zamani ya wakimbizi, ile ya mwaka sabini na mbili, pamoja na wazao wao, na hawana karatasi ya uraia, wafike ofisi ya kata baada ya wiki mbili. Kila mtu aje na shahidi wa damu yake. Asiye na shahidi ajiandae kwa safari ya kurudi kwao, Burundi.

Jina la nane lilikuwa Niyubahwe. Chini yake, bila namba zao, walifuata mwanae Winnie na watoto watatu wa Winnie.

"Burundi kwa nani?" Niyubahwe aliuliza. Hakuuliza kwa ukali. Aliuliza tu, kama mtu anayeuliza njia.

Mtendaji akakunja barua. "Mama, mimi nimesoma kilichoandikwa."

Burundi alikuwa hajaikanyaga hata siku moja. Alizaliwa upande huu huu wa mpaka, mwaka sitini na sita, na shamba lake la maharage na mihogo lilikuwa na kaburi la mama yake katikati. Lakini orodha haikusema uongo. Jina lake lilikuwamo kweli, na aliyeliweka humo ni mama yake mwenyewe, marehemu Pelagia, Mungu ampumzishe.

Ilikuwa hivi. Pelagia alikuwa Muha wa Gwarama, upande huu wa Tanzania, kwa baba na kwa mama. Mwaka ule wakimbizi walipovuka wengi, yeye alikuwa hana kwao. Kaka yake Tharsisi alikuwa amemfukuza na mtoto mgongoni, na kwa miaka sita alilima vibarua huku na huko. Njaa ilikuwa kali. Akawaona watu wamepanga foleni, mbele wanagawiwa unga na blanketi. Kiha na Kirundi vinaelewana kama ndugu wa tumbo moja. Pelagia akaingia kwenye foleni. Karani alipouliza umetoka wapi, akataja mlima wa ng'ambo aliousikia kwa mwanamke aliyekuwa mbele yake. Akapata debe la unga na blanketi la kijivu, na mtoto akaandikwa. Wala hakuwa peke yake, Waha wengi walikula unga ule. Ila wengine walikuwa na ndugu wa kuwatambua siku zilipobadilika.

Na kisa cha kufukuzwa kilikuwa baba wa mtoto.

Mwaka sitini na tano Pelagia alikuwa msichana wa kazi mjini Kigoma, anafua na kupika kwenye nyumba moja karibu na ziwa. Ndani ya nyumba hiyo walikaa wanaume wageni, wengi wao weusi kama sisi, lakini hawajui hata salamu. Walikuwa Wakuba. Walivuka ziwa usiku kwenda Kongo kupigana upande wa waasi, na waliougua au kuumia walirudishwa kwenye nyumba ile. Majina yao waliyaacha huko walikotoka, ndivyo walivyoapishwa. Huku waliitana kwa hesabu ya Kiswahili: Moja, Mbili, Tatu, na kuendelea. Aliyempenda Pelagia alikuwa Hamsini na Moja.

Alirudishwa ng'ambo hii na malaria na bega lililovimba. Pelagia alimpikia uji, akamfundisha maneno. Naye jioni, kwa maneno yale machache, alimsimulia kwao. Pelagia alikuja kumsimulia binti yake hadithi ile palizi hadi palizi, mpaka Niyubahwe akaijua kama sala.

Kwamba ni kisiwa kirefu, chenye miwa. Kwamba bibi wa bibi yake alipelekwa huko ndani ya meli kutoka huku Afrika, akauzwa, akakata miwa ya Wahispania mpaka meno yakang'oka. Kwamba asubuhi moja tajiri mmoja mwenye shamba alipiga kengele ya kuitia watumwa kazini, na walipokusanyika akawaambia, kuanzia leo ninyi ni watu huru, anayetaka twende vitani aje. Wakaenda na mapanga yale yale ya miwa. Wakapigana miaka kumi. Wakashindwa.

"Halafu?" Niyubahwe mdogo alikuwa anauliza, jembe limesimama.

"Halafu wakakaa, wakazaa, wakaanza tena."

Safari ya pili Wahispania waliwatoa watu mashambani wote, wakawafungia kwenye miji iliyozungushiwa waya ili wasiwapelekee wapiganaji chakula. Bibi yake Hamsini na Moja alizika watoto wanne ndani ya waya huo. Watu walikula magome. Na walipokaribia kushinda kwa damu yao, Wamarekani wakaingia, bendera ya Mhispania ikashuka, ikapanda ya Mmarekani, na wenye nchi wakabaki wanaangalia. Ikabidi kuanza tena. Miaka sitini mingine ya wakubwa waliokula na wageni, mpaka yeye mwenyewe akapanda milimani na bunduki, akiwa kijana asiyejua kusoma. Huko milimani ndiko alikofundishwa herufi.

"Na huku alifuata nini?"

"Alisema bibi yao alitolewa huku. Alisema ana deni na huku."

Vita ya Kongo walishindwa. Mwezi wa kumi na moja walirudi ng'ambo hii wamekonda, hawasemi. Wengi wakasafirishwa haraka, wachache wakabaki kuwatafuta wenzao waliopotelea kule. Nyumba ikafungwa. Pelagia akarudi Gwarama na mimba, na hakumwona tena. Alipokuwa amemuuliza jina lake hasa, alijibiwa kwamba atalisema kazi ikiisha. Basi mtoto akakua na namba badala ya baba. Wenzake walimwita Senti Hamsini.

Kila Ijumaa Niyubahwe alitoa fungu moja la rozari kwa ajili ya watu wa Kuba. Akina mama wa jumuiya walimcheka kwa upole. "Wewe nawe, hata Kasulu hatujaimaliza kuiombea." Redio ikisema kimbunga kimepiga kule, au umeme umekatika kisiwa kizima, hanywi uji wake.

Sasa wiki mbili. Shahidi wa damu aliyebaki duniani alikuwa mmoja, mjomba Tharsisi, miaka themanini na ushei, aliyewahi kumwona mara tatu maishani na mara zote akageuza uso.

Alikwenda Gwarama na Winnie. Walipiga magoti uani, wakapiga makofi ya salamu kama inavyotakiwa. Mzee alikuwa kwenye kiti cha kamba, anasokota tumbaku.

"Mwakeye, mjomba."

"Mwakeye." Akawatazama muda mrefu. "Nimesikia. Nchi nzima imesikia. Mama yako alikwenda kula unga wa watu."

"Alikuwa na njaa, mjomba."

"Njaa ilikuwa ya wote."

Winnie akafungua mdomo, mama yake akambana mkono. Tharsisi alilamba karatasi ya sigara, akaifunga. "Nitakuja. Nitasema Pelagia ni dada yangu, kaburi la baba yetu liko pale, kila mtu ataamini. Lakini habari ya yule mtu mwenye namba sitaki kuisikia. Mama yako alikuwa na mchumba hapa, Sylvesta. Majembe mawili ya mahari tulikuwa tumeyapokea. Unajua desturi yetu. Majembe yakishapokewa, mtoto anayezaliwa ni wa mwenye majembe, awe amezaliwa wapi. Wewe ni wa Sylvesta."

"Sylvesta alikataa, mjomba. Mama alisema mlimrudishia majembe."

"Sylvesta amekufa. Nani atamuuliza?" Akawasha. "Useme Sylvesta, niseme dada. Usiposema, mimi ni mzee, miguu inauma, sitafika."

Njiani kurudi Winnie alilia kwa hasira. "Mama, ni jina tu. Huyo Mkuba alikuletea nini? Hata jina hakukuachia. Watoto wangu wakapande basi kwa ajili ya namba?"

Niyubahwe aliendelea kutembea. Alikuwa amewaona watu wa kambi ya Nduta wakirudishwa Burundi, wakipakia mabati na kuku, bibi mmoja amekumbatia mlango wa nyumba yake, mlango wenyewe, ubao. Siku kumi zilizobaki alilala kidogo. Alikwenda kwa padri, padri akasema mwanangu, mbele ya Biblia hatusemi lisilo kweli. Kisha akatazama chini, akasema Mungu anaijua pia njaa ya wajukuu wako. Hiyo ilikuwa mbaya kuliko kukatazwa. Alisali mpaka maneno yakaisha, akabaki amepiga magoti tu.

Siku ilifika. Ofisini meza ilikuwa moja, nyuma yake afisa kijana aliyeletwa kutoka Tanga, anaitwa Shamsia, mpole, sauti ya chini. Kulia kwake Biblia na Msahafu. Tharsisi alikuwa amekwisha kufika, na koti lake la kanisani.

"Shikamoo mama. Karibu ukae," Shamsia alisema. "Nitakuuliza machache. Mama yako?"

"Pelagia, wa Gwarama."

Tharsisi akainua mkono. "Dada yangu. Tumbo moja. Kaburi la baba yetu lina msalaba, mje muone."

Wajumbe wawili wa Gwarama wakaitikia. Shamsia akaandika. "Orodha inasema Burundi."

"Alikuwa na njaa," Niyubahwe akasema.

"Hilo nimelisikia leo kwa watu wanne." Afisa akatabasamu kidogo, kisha akaacha. "Na baba?"

Nje mjukuu mdogo alikuwa anaimba wimbo wa shule. Niyubahwe aliweka mkono juu ya Biblia na kuuona mkono wenyewe, vidole virefu, ambavyo Pelagia alikuwa anavishika na kusema hivi si vya kwetu.

"Nikisema ni mtu wa mbali, mwanangu," aliuliza, "mtu wa nchi nyingine kabisa, sijui jina lake?"

Shamsia akaweka kalamu chini. "Nitaandika hivyo hivyo, mama. Lakini faili haitaishia hapa. Itakwenda juu, watauliza nchi ile, itachukua miaka. Na wakati huo wewe na hawa watoto mtahesabiwa kama orodha inavyosema. Sikutishi. Nakueleza."

Tharsisi alikohoa. Alishika fimbo yake kama anayetaka kunyanyuka.

Niyubahwe alimtazama Winnie aliyesimama mlangoni na mtoto kiunoni. Winnie hakuomba kitu. Alikuwa amefumba macho.

"Sylvesta," Niyubahwe akasema.

"Wa?"

"Wa Gwarama."

"Baba yake Sylvesta?"

Hakujua. Tharsisi akajibu kwa niaba yake, akataja babu, akataja na ukoo, haraka haraka. Shamsia aliandika yote kwa mwandiko mzuri, akasoma: "Niyubahwe binti Sylvesta."

"Abee," akaitika.

Muhuri uligongwa mara tatu. Winnie akapiga magoti akamshika miguu. Watu waliokuwa kwenye benchi walimpa mkono, wengine kwa wivu. Karatasi ilikuwa bado na wino mbichi, akaishika kwa ncha za vidole ili isichafuke, na hakuona furaha yoyote ndani yake. Aliitafuta, hakuiona. Alijiona kama mtu aliyemfungia mwenzake mlango mvua ikinyesha.

Tharsisi alikuwa nje, amekaa kwenye ngazi, koti limefunguliwa. Alimpigapigia mahali pa kukaa. Hilo hakuwahi kulifanya.

"Sasa wewe ni mtu wetu," alisema. "Jumapili uje nyumbani. Nitamwambia mke wa mwanangu Felician achinje kuku."

"Asante, mjomba."

Mzee alitoa tumbaku, akaitazama, asiisokote. Alikaa hivyo mpaka Winnie na watoto wakatangulia barabarani.

"Alikuja," akasema.

"Nani?"

"Yule. Alikuja Gwarama, mwaka ule ule, kabla hujazaliwa. Alipanda lori la pamba, akatembea iliyobaki. Nilimkuta njiani, peke yangu. Mtu mrefu, amekonda, viatu vimeisha. Alisema Pelagia, Pelagia. Kiswahili chake kilikuwa kama cha mtoto. Nikamwambia ameolewa, amekwenda Biharamulo."

Niyubahwe alimgeukia.

"Hakugomba. Alikaa chini kwenye nyasi. Akatoa karatasi, akaandika, akanipa. Akanionyesha kifua chake, akasema jina, jina, kazi kwisha. Mpe Pelagia." Tharsisi alikunja kiganja juu ya tumbaku. "Tulikuwa tumepokea majembe, mwana wanje, mwanangu. Nilikuwa kijana. Niliona aibu ya baba yangu."

"Karatasi iko wapi, mjomba?"

"Nilikuwa sijui kusoma."

"Iko wapi?"

Mzee alifungua kiganja, tumbaku ikawa pale, kavu. "Nilisokotea hii," akasema. "Siku hiyo hiyo, njiani kurudi. Karatasi ilikuwa haipatikani."

Mlangoni Shamsia alikuwa anaita jina la tisa. Niyubahwe alikuwa bado ameshika karatasi yake kwa ncha za vidole.

"Lilikuwa refu?" akauliza.

Tharsisi alifikiri kwa bidii, kwa uaminifu, kama mtu anayetaka walau hilo alipe sawasawa.

"Refu," akasema. "Mistari miwili."