Usiguse Unga wa Mgeni

Mzee wa Kitaliano aliyekuwa akifundisha pasta ya mkono kwenye hoteli yetu, pale Al Rigga, alikuwa na tabia iliyonichekesha tangu siku ya kwanza. Kabla darasa halijaanza alipeleka mikono yake yote miwili nyuma, akaipenyeza ndani ya kamba za aproni, na humo ikakaa mpaka mwisho. Watalii walikuwa kwenye meza ndefu, kila mmoja na ubao wake na rundo lake la unga, naye anazunguka na tumbo lake mbele, anaelekeza kwa mdomo, kwa nyusi, mara nyingine kwa kidevu. Niliuliza kama anaumwa mgongo. Akacheka, akasema huko kwao, mji mdogo wa pwani alikofundisha wasafiri miaka na miaka kabla hoteli haijamleta Dubai kwa msimu wa baridi, kuna sheria moja tu: anayefundisha haugusi unga wa mgeni. Akiugusa, vyombo vyote vya siku ile anaosha yeye.

Mimi nikasema moyoni, toba, haya makubwa! Mgeni ametoka kwao huko, amelipa pesa zake, halafu akandishwe unga mpaka jasho limtoke, na mwenyeji amesimama anamtazama? Kwetu Unguja mgeni akithubutu kuinua kikombe chake mwenyewe kukipeleka jikoni, watu watatu wanamrukia kukinyang'anya. Nimelelewa hivyo. Nimeolewa nikaja Dubai nikawakuta wakwe zangu, Wazanzibari wa zamani hapa, nao vivyo hivyo, na zaidi. Nyumba yetu ya Al Warqa mgeni hajui hata jiko liko upande gani.

Kwa hiyo sheria ya mzee yule niliivunja kila uchao. Kazi yangu ilikuwa kupima unga, kupanga mbao, kuwatafsiria wageni wa Kiarabu, na kupangusa. Lakini nikimwona mtu anahangaika, nafsi yangu inaniwasha. Pasta yenyewe ilikuwa ya umbo la sikio dogo: unakata kipande, unakiburuta kwa kisu butu mpaka kinajikunja, kisha unakigeuza juu ya kidole gumba. Si kazi, ila ina ufundi wake. Mtalii anakiburuta kinakatika. Anakiburuta tena kinagandamana na ubao. Basi mimi huyo, "Yalla, nipe nikusaidie," na kabla hajajibu nimeshamfanyia sita. Wananishukuru, wanazipiga picha zile sita, wanapeleka kwao kama zao. Mzee anatikisa kichwa. Nami jioni naosha masufuria, naimba, naona nimepata thawabu.

Nataka niseme habari za mama sasa, maana ndiye ninayemwandikia haya ingawa hatoyasoma.

Mama alipigwa na kiharusi kule Unguja. Alhamdulillahi hakikumchukua, kilimlegeza mkono wa kulia tu, na mguu kidogo. Nilimpigia mume wangu magoti mpaka tukamleta kwetu. Alikuwa mwanamke wa kazi yule, wallahi. Kwenye kiganja, chini ya kidole gumba, alikuwa na sugu gumu la miaka mingi ya kukuna nazi. Tulipokuwa watoto akitupangusa uso linatukwaruza, tunapiga kelele, naye anazidisha makusudi. Na mtaa mzima ulimjua kwa vipopoo vyake. Ule unga wa mchele unaosongwa kwa maji ya moto, ukaviringwa vidonge vidogo viganjani, ukapikwa kwa tui na iliki. Wengine vyao vinakuwa kama gololi. Vya mama vilikuwa punje za mbaazi, vyote sawa, ungedhani vimetoka kwenye ganda moja. Mwezi wa Ramadhani watu walikuwa wanaleta bakuli zao wenyewe wavitiliwe humo.

Siku ya tatu tangu atue, nilikuwa jikoni namenya viazi, mara nikamsikia anakuja, anaburuta ule mguu. Akajishika mlangoni, akasema, "Haya. Mgeni siku mbili. Leo ya tatu, jembe langu li wapi?"

Nilicheka sana. Nikamwambia, "Jembe gani, mama? Umeshalima vya kutosha," nikamshika mabega nikamrejesha kwenye kochi, nikampa rimoti ya televisheni. Akaja tena siku ya pili yake. Na ya tatu yake. Siku moja nilitoka kazini nikamkuta anamenya kitunguu thomu, kichwa kimoja kwa muda Mungu anaoujua, kakibana kitako cha bakuli kwenye mapaja, na yale maganda yamemjaa kwenye kanga. Alikuwa na furaha! Nami badala ya kuona furaha yake nikaona wifi yangu anakuja jioni ile. Nikaona watasema, huyo, kamtoa mama yake Unguja, mgonjwa, kumbe anataka mtumishi. Nikampokonya lile bakuli. Nasema nilimpokonya kwa sababu ndivyo ilivyokuwa, ingawa mdomoni nilikuwa nikisema, "Pumzika, mama yangu, pumzika, nitakupikia miye." Nilikuwa naogopa watu. Kumpenda nilimpenda, lakini siku ile niliogopa watu.

Daktari wa mazoezi alishaniambia. Alisema mkono huu upewe kazi ya kila siku, usipopewa utasahau. Mimi nikasikia mazoezi, nikaenda dukani nikamnunulia mpira laini wa kuminya, wa buluu. Mama akauminya mara mbili akanitazama.

"Huu nikiuminya unatoa nini?" akauliza. "Tui?"

Tulicheka mpaka machozi, nyumba nzima. Hadithi ile niliihadithia mpaka hotelini. Sikumsikia alichokuwa akiniambia. Miezi ikapita, akaacha kuja jikoni, akaacha kuulizia jembe. Mpira wa buluu wajukuu wakaubeba wakaupotezea uani. Mkono ukawa unakaa mapajani, vidole vimejikunja ndani, na akitaka maji anayatazama tu mpaka mtu amwinulie gilasi. Nasi tulimwinulia upesi, haki ya Mungu, hatukuwahi kumchelewesha.

Basi, ikawa siku moja ya darasa, msimu wa pili wa yule mzee. Akaja bibi mmoja mtalii, peke yake, mwembamba, nywele nyeupe. Nilijua mara moja kwa mkono wake kuwa naye alipigwa na kiharusi. Kauweka mezani mkono wa kulia kama anayeweka kitu cha mtu mwingine. Wenzake wakaanza kuburuta vipande, yeye bado anahangaika kukishika kisu. Kikaanguka. Akakishika tena, akakiweka juu ya unga, akasukuma, unga ukaenda upande. Uso umemwiva. Akajaribu tena. Mzee alikuwa amesimama karibu naye kuliko alivyosimama karibu na mtu mwingine yeyote, mikono nyuma.

Mimi sikuweza. Nilimwona mama yangu, basi, khalas. Nikapita upande wa pili wa meza, nikamwambia taratibu, "Madam, nipe nikusaidie," nikakitoa kile kisu vidoleni mwake. Nilimfanyia ubao mzima, safu kwa safu, masikio mazuri hata mzee mwenyewe asingeyatoa. Bibi yule akasema ahsante. Akaichukua ile mikono yake akaiweka mapajani, akakaa hivyo mpaka darasa likaisha. Hakupiga picha.

Wageni walipoondoka mzee akaitoa mikono kwenye kamba, akakaa kwenye kiti chake yule bibi. Nilidhani atanitania kuhusu masufuria. Akaniambia kwamba bibi yule alikuwa mwanafunzi wake, kule kwao, miaka ile mkono wake mzima. Amepita Dubai siku mbili tu, akamtafuta mpaka akampata. Jana alikuja akamwambia anataka afanye sikio moja. Moja, ajue kama bado mkono unalikumbuka.

"Kesho anaondoka," akasema. "Ungempa nusu saa."

Hakugomba. Angegomba ingekuwa afadhali. Nilisimama pale na kitambaa mkononi, machozi yakaanza kunitoka, nikamwambia habari ya mama, yote, thomu, mpira, kochi. Alinisikiliza. Akauliza mama yako alikuwa akitengeneza nini kwa mkono. Nikamwambia vipopoo, ikabidi nimwoneshe kwa viganja. Akatazama vile viganja vyangu vinavyozunguka hewani, akasema, "Leo vyombo nitaosha mimi. Nenda nyumbani."

Nilingoja Ijumaa, baada ya sala, nyumba imetulia. Nikasonga unga wa mchele, nikautia kwenye sinia, nikaenda kukaa mbele ya mama sebuleni, sinia katikati. Nikamwambia, "Mama, vipopoo vyangu vinakuwa kama gololi. Nifundishe."

Akautazama unga, akanitazama miye. "Mwanangu we," akasema, "siku ya tatu si imeshapita zamani?"

Niliinama nikambusu ule mkono. Nikamwomba radhi. Akasema, "Ah, radhi ya nini, nawe umenitunza kama yai," nikazidi kulia, naye akanipiga kofi dogo la paja, la mkono wa kushoto, "Yalla, unga unapoa."

Nikakimega kipande nikamtilia kiganjani. Nikaiweka mikono yangu nyuma. Sikuwa na kamba za aproni, nilivaa dera tu, nikavifungamanisha vidole mgongoni na kuvibana. Mama akakifunika kile kiganja kwa kile kingine, akaanza. Mkono wa kushoto unazunguka, wa kulia hauendi. Akausukuma kwa ule mwingine. Akanuna, akauma mdomo, nikaiona tena ile sura yake ya jikoni ambayo sikuiona kitambo. Unga ukaanguka mara tatu. Mara tatu akauokota mwenyewe. Kwa hesabu ya adhana ya alasiri tulikaa pale si chini ya nusu saa, nami nasema bismillahi kimyakimya, na bega linaniuma.

Kikatoka. Kikubwa, bapa upande mmoja, na ufa katikati. Akakitua kwenye sinia kwa vidole vya mkono wa kulia, ule ule, akavuta pumzi, akakitazama.

Na mimi, Mungu anisamehe, nilikuwa na furaha kiasi kwamba mikono ilishanitoka nyuma bila habari. Nilisema, "Mashaallah, mama!" na papo hapo nikakichukua kile kipopoo, nikakiviringa mara mbili viganjani mwangu, kikawa duara safi, nikakirejesha mahali pake. Ni jambo la kufumba na kufumbua. Nimefanya hivyo maisha yangu yote kwa watu wote.

Nilipoinua macho mama alikuwa anakitazama kile kidonge cha duara. Kisha akajipangusa vidole kwenye ncha ya kanga, kimoja kimoja, akaurejesha mkono mapajani.

"Haya," akasema, bila hasira yoyote. "Malizia, mwanangu."

Nilimsihi. Nilikivunja kile kipopoo, nikamwambia tuanze upya, nikamwapia. Akatabasamu akasema amechoka, labda kesho inshaallah. Kesho yake akasema wewe unaviweza zaidi yangu. Wiki iliyofuata nikamletea tena sinia, akaniambia anataka kulala. Nilijaribu mpaka nikaona namuudhi, nikaacha. Hotelini siku hizo nilikuwa nimeshajifunza. Nilizunguka na mikono nyuma kama mzee, wageni wakikata unga wao vipande vibaya vibaya na kuvichekelea. Kwa wageni niliweza.

Mama aliishi nasi zaidi ya mwaka baada ya hapo. Alifariki asubuhi, usingizini, hakumsumbua mtu.

Kwenye kumwosha niliruhusiwa niwe ndani, nimimine maji. Walikuwa wanawake watatu, mmoja wao mtu mzima wa kwetu, ameosha watu wengi katika mji huu. Alipofika kwenye mkono wa kulia akavinyoosha vidole vilivyojikunja, taratibu, akakifungua kiganja, akamwagia maji, akakipitisha kidole chake juu yake. Akageuka kwa wenzake.

"Tazameni mkono huu," akasema. "Laini, mashaallah, kama wa mtoto mchanga. Huyu katunzwa." Kisha akanitazama mimi, macho yake yamejaa huruma. "Umemtunza mama yako, mwanangu. Umemtunza kweli."

Wote wakasema Mungu akulipe. Nikasema amin. Niliweka jagi chini, nikaomba nimshike mara moja, nikatia kidole changu pale chini ya gumba nikalitafuta lile sugu la nazi. Nilitafuta kiganja chote. Halikuwepo.