Mwizi wa Kuku Atafuta Chumba

Juzi hapa Changamwe nilimwona yule mchekeshaji ambaye katika kila mchezo hupewa sehemu ya mwizi wa kuku. Alikuja kwa mama mmoja jirani yetu kutaka chumba cha kupanga.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Simama hapo hapo," mama akamjibu, huku akifunga tundu la kuku.

"Mama, ule ni mchezo tu."

"Wallahi? Na kumkunja kuku kichwa ubawani asipige kelele, ulifunzwa na nani?"

Akaondoka na mkeka wake kwapani.

Jioni chumba akapewa mwenzake anayeigiza hakimu. Hakuulizwa hata atokako. Kila nikimwamkia hunijibu kwa sauti ile ile ya jukwaani, nami nazidi kumshuku.